Mama Nta, Muosha Visahau

Shangazi yangu anaongea kwa kelele. Ukimkuta dukani ananunua sabuni utadhani anagombana na mwenye duka, kumbe anamuuliza hali ya watoto. Waosha visahau wote wako hivyo. Ukishinda na nta masikioni kutwa, miaka ishirini na sita, unapoteza kipimo cha sauti yako mwenyewe. Ndiyo maana mtaa mzima unamwita Mama Nta, na watoto wadogo wanaodhani ni kiziwi humpitia nyuma wakimtania. Yeye hugeuka polepole na kusema, "Nimesikia, wewe mwenye kamasi," nao hutimua mbio.

Kisahau chenyewe ni kitu kidogo. Ni duara la shaba, upana wake kama kifuniko cha birika, limetobolewa vitundu kama chujio. Kila mashine ina chake nyuma ya gurudumu kubwa: ngazi zinazopanda zenyewe, pampu za maji, milango, mizani, hata kitanda cha mtoto kinachojibembeza. Bila kisahau mashine hukumbuka. Meno ya magurudumu hushika kila mkono uliowahi kuyatia ufunguo na kila mguu uliowahi kupita, na baada ya muda mashine inajaa watu. Ngazi za mshona nguo wa mtaa wetu zilikaa bila kisahau miaka kumi, zikaanza kusimama kila zikifika kipandio cha nne. Baba yake alikuwa akipumzika hapo kwa sababu ya magoti. Alikuwa ameshazikwa miaka tisa. Unapanda na kitambaa chako, ngazi zinasimama, mnasubiri wote mzee avute pumzi, ndipo zinaendelea.

Kisahau kina nyuso mbili. Uso laini unakunywa: unavuta hayo yote kutoka kwenye magurudumu na kuyaficha ndani ya vitundu. Uso wenye mistari unatapika. Kwa hiyo mwoshaji hukielekeza uso wa mistari chini, kwenye beseni, na fundi anayekirudisha lazima aangalie mara mbili. Akikiweka kinyume, mashine inarudishiwa kila kitu ilichokwisha kusahau.

Nilikuwa na maswali mengi kuhusu kazi ya Shangazi, naye alikuwa na majibu mafupi.

"Shangazi, humo ndani kuna nini?"

"Uchafu."

"Uchafu gani?"

"Wa watu."

"Watu gani?"

"Waliopita. Shika ndoo hiyo."

Chumba cha kuoshea kiko nyuma ya karakana ya wafua shaba. Kina madirisha matatu ya juu, mabeseni manane ya zinki, pipa la siki na gunia la majivu yaliyochekechwa. Wanawake wanane hukaa kwenye viti vifupi na brashi zao, hakuna anayesema neno, maana hakuna atakayesikia. Sheria ya kwanza ya mle ni kwamba hakuna anayeosha masikio wazi. Kinachotoka kwenye kisahau hutoka na sauti yake. Zamani kuna mwenzao mmoja alijaribu, kwa udadisi tu kama wangu, na jioni aliondoka akikohoa kikohozi cha mwanamume asiyemjua. Hakijamwachia mpaka leo.

Nta ikiwa baridi huwa ngumu kama jiwe. Wengine huilainisha kazini juu ya moto. Shangazi huibeba kiganjani kutoka nyumbani, ikapata joto la mkono njiani. Nyumba yake na yetu zinatazamana, kwa hiyo kila asubuhi tunatoka pamoja. Ananifikisha kwenye lango la shule, ananirekebisha kola hata kama imekaa vizuri, anageuka, na kabla hajafika kona ameshaziba sikio la kulia, kisha la kushoto. Baada ya hapo hata umwite kwa tarumbeta.

Shangazi alikuwa na mtoto mmoja. Mimi simkumbuki. Alikufa nikiwa na miaka minne, yeye akiwa na minane. Walimwita Chiriku kwa sababu alikuwa haachi kuongea, na baba yangu anasema mpwa wake huyo hakuwahi kutembea kama watu: alikuwa anaruka mara mbili kwa mguu mmoja, kisha anatua kwa miguu yote. Baba ndiye aliyenisimulia habari yenyewe, Shangazi hajawahi. Asubuhi moja ya mvua Chiriku alichelewa, lango likafunga akiwa nje. Badala ya kurudi nyumbani alijikunja chini ya ukuta. Bawabu alimkuta saa sita mchana, ameloa chapachapa. Homa ikamshika, na siku ya tisa ikamchukua.

"Usije ukamuuliza shangazi yako," Baba aliniambia. Sikumuuliza. Lakini nilikuwa napita kwenye lango lile lile kila siku, na kila siku nilikuwa nawaza ni upande gani wa ukuta.

Lango letu ni la shaba na chuma, na lina mikono kumi na miwili inayozunguka. Ukiingia linakuhesabu, ukitoka linakuhesabu. Saa moja na nusu hufunga, na likishafunga ndipo huvuta waya wa kengele. Muhula huu ulipoanza tulikuta limepakwa mafuta, linang'aa, maana fundi mpya alilihudumia wakati wa likizo. Na siku ya kwanza tu, saa moja na nusu ilifika, likakataa kufunga.

Mwalimu Mkuu akatoka na saa yake mkononi. "Bawabu, kuna nini?"

"Linasema amepungua mmoja, Mwalimu."

"Mmoja nani? Wote wapo!"

"Sijui. Mimi nasoma namba tu. Anayehesabu ni lenyewe."

Tukahesabiwa darasa kwa darasa, tukatimia. Lango halikukubali. Kengele haikulia, na bila kengele hakuna somo. Domo wa darasa letu akapaza sauti, "Mwalimu, hatuwezi kuanza bila mwenzetu! Itakuwa utovu wa nidhamu!" Tulicheka mpaka tukashika mbavu. Mwisho Bawabu akaleta beseni na upawa wa jikoni, akawa anatupigia vipindi nalo, na Domo akawa anamshauri namna ya kuliremba pigo la mapumziko.

Siku ya tatu hakuna aliyecheka. Bawabu mwenyewe ndiye aliyetuonyesha. Kati ya ile mikono kumi na miwili, kumi na mmoja ilikuwa imetulia. Mmoja, wa chini kabisa, ulikuwa wazi na unatetemeka. Ulikuwa kwenye kimo cha bega la mtoto mdogo. Watoto wa darasa la kwanza walijaribu kupita hapo kwa zamu, lango likawahesabu vizuri, kisha likaendelea kusubiri. Nikatega sikio kwenye chuma. Mle ndani, mbali, kama nyuma ya ukuta wa jirani, nikasikia hatua mbili nyepesi na moja nzito. Kimya. Mbili nyepesi, moja nzito.

Mchana huo Mwalimu Mkuu alitangaza kwamba amechoka. Ijumaa asubuhi watu wa tanuru watakuja, lango litang'olewa na kuyeyushwa, na shule itaweka mlango wa mbao kama shule za zamani.

Nilikimbia moja kwa moja hadi chumba cha kuoshea. Shangazi alikuwa kwenye beseni lake la pembeni, mgongo kwangu. Kumwita kusingesaidia. Nikamgonga mkononi kwa kidole: mbili nyepesi, moja nzito.

Brashi ilimtoka, ikazama.

Alitoa nta, sikio moja, kisha la pili. Akanishika kifundo cha mkono akanitoa nje, mpaka penye vyuma chakavu.

"Umeyatoa wapi hayo?"

"Kwenye lango. Shangazi, linamsubiri mtu. Kesho kutwa wanaliyeyusha."

Alikaa juu ya gurudumu bovu. Nilijua nisiulize, ingawa ulimi uliniwasha.

"Kisahau cha lango lile kinaletwa hapa mara moja kwa mwaka, likizo kuu," akasema mwishowe. "Nimehakikisha hakipiti mikono mingine. Nakipiga muhuri kwamba kimeoshwa. Muhuri nimeupiga mara kumi na moja. Kuosha, sijaosha hata mara moja."

"Kwa hiyo yumo?"

"Kikiwa kikavu ukakiweka sikioni, kwanza huja mtu wako. Nilikuwa natoa nta mara moja kwa mwaka. Nasikia hatua tatu, naziba haraka. Hatua tatu tu, zinanitosha mwaka mzima." Alijifuta mikono kwenye aproni ingawa ilikuwa mikavu. "Na huyo fundi wenu mpya amekiweka kinyume. Sasa lango linatapikiwa yote."

"Wakiliyeyusha?"

"Anakwenda nalo."

"Na ukikiosha?"

Alitazama chini. Maji ya beseni lake yalikuwa yanapita kwenye mfereji kando ya miguu yetu, meusi, yanaingia shimoni.

Nikapata wazo, nikaliona zuri sana. "Tukiweke kwenye mlango wa kwako! Tukigeuze vile vile kinyume. Atakuwa nyumbani."

"Nilishafikiria hilo kabla wewe hujajua kufunga viatu." Aliongea polepole. "Mlango utakaa wazi kila asubuhi unamsubiri. Na mimi nitakaa nao. Nani atakwenda kazini? Nani atakula?" Kisha sauti yake ikapanda, ile ya dukani. "Siku ile halikumsubiri hata dakika! Mtoto yuko nje kwenye mvua, lenyewe linafunga! Leo ndiyo linajifanya lina huruma?"

Wafua shaba waliacha nyundo, wakatutazama.

Alhamisi masomo yalipokwisha alikuja shuleni na kikapu chake. Fundi mpya alikuwa ameshaitwa, kijana mwenye ndevu chache na maneno mengi.

"Mama, mimi nimekiweka sawasawa, nimefuata kitabu."

"Mwanangu, umekiweka miguu juu. Kitoe."

Alikitoa. Visahau huwa vyepesi, mtoto anaweza kuvirusha kama sahani. Hiki fundi alikishika kwa mkono mmoja, kikamvuta bega chini, akaongeza wa pili. Akausoma muhuri ulio ukingoni, mwaka juu ya mwaka, kimeoshwa, kimeoshwa. Akamtazama Shangazi.

"Huu muhuri ni wa nani?"

"Wangu."

Kijana aligeuka kutazama nyuma. Angeweza kumwita Mwalimu Mkuu, aliyekuwa hatua kumi tu kutoka pale, na kazi ya Shangazi ingeishia hapo. Badala yake alikifunika kisahau kwa kitambaa chake cha mafuta na kukilaza kikapuni taratibu, kama mtu anayelaza yai.

"Kiosheni," Mwalimu Mkuu akasema alipofika, "ama kesho lango zima linakwenda tanuruni. Mimi siwezi kuendesha shule kwa beseni."

Shangazi aliangalia ule mkono wa chini. Ulikuwa bado wazi.

"Kitaoshwa," akasema.

Wenzake walikuwa wameshaondoka. Jua la alasiri liliingia kwenye yale madirisha ya juu, likalala juu ya mabeseni saba matupu. Alijaza la nane mwenyewe, maji ya moto, siki, konzi mbili za majivu. Nta yake ilikuwa tayari kiganjani, laini. Aliitazama. Akaiweka kwenye rafu.

"Shangazi, sheria..."

"Kaa, au toka. Ukianza kukohoa kikohozi cha mtu, toka."

Nikakaa.

Alikitia majini, uso wa mistari chini, akaanza kusugua kwa maduara madogomadogo. Alikuwa ameniambia njiani kwamba vya juu hutoka kwanza, na kwamba kinachozama kuliko vyote ni kile ambacho mashine haikukimaliza. Povu likapanda, na kelele nayo. Miguu! Mamia ya miguu, miaka kumi na moja ya shule nzima ikiingia na kutoka ndani ya beseni moja. Viatu vipya vinavyolia, kandambili, mtu anayeburuta kisigino. Mara moja nikasikia mwendo nikaujua: ulikuwa wangu, siku yangu ya kwanza, nimegoma kuingia. Nilizisikia hatua zangu ndogo zikipasuka kwenye povu moja baada ya nyingine, na kuanzia dakika ile siku hiyo siikumbuki tena. Najua ilikuwepo kwa sababu nilizisikia hatua zake.

Maji yakawa meusi. Akayamwaga, akajaza mengine. Tena. Tena. Mara ya nne maji yalitoka karibu safi, na chumba kikanyamaza. Kilichobaki kikawa sauti ya mvua juu ya shaba. Nilitazama dirishani. Jua lilikuwa linawaka.

Mkono wa Shangazi ulisimama. Halafu ukaendelea.

Zilikuja hatua za watu wawili pamoja, viatu vya mtu mzima na kando yake zile nyingine. Mbili nyepesi, moja nzito. Mbili nyepesi, moja nzito. Zikafika, zikasimama. Kisha zile ndogo peke yake zikapita, na lango likatoa mlio wake mkavu wa kuhesabu. Mmoja, ndani.

"Aliingia!" Nilishindwa kujizuia. "Shangazi, hakuchelewa! Aliingia!"

Aliinua kidole kilichojaa povu.

Viatu vya mtu mzima viligeuka, vikaanza kuondoka bila haraka, kwenye kokoto zilizoloa. Vikaenda. Halafu zile ndogo zikarudi, safari hii haziruki, zinakimbia. Lango likahesabu: mmoja, nje. Zikakimbia kwenye maji, kuelekea kule viatu vilikokwenda. Zikasimama. Zikakimbia tena kidogo. Zikasimama. Viatu vikubwa havikupunguza mwendo wala havikuongeza. Vilikwenda tu, vikapinda kona, vikaisha.

Kisha lango likafunga.

Visahau havishiki maneno, vinashika vishindo tu: hatua, kikohozi, mvua. Lakini mtoto anayekimbia na kusimama, akakimbia na kusimama, kila mtu anajua mdomo wake unafanya nini.

Shangazi alikuwa ameacha kusugua. Aliangalia rafuni, ile nta ikiwa na alama za vidole vyake.

"Kabla ya kona," akasema. Sijawahi kumsikia akiongea kwa sauti ndogo namna ile. Ilikuwa kama sauti ya mtu mwingine, na kwa sekunde moja niliogopa kwamba naye amepata kikohozi cha mtu. "Nilikuwa nimeshaziba."

Alikitoa kisahau majini. Kilikuwa chepesi. Alikishika dhidi ya dirisha na mwanga ukapita kwenye kila tundu, ukamtia nukta nukta usoni. Akakiweka sikioni. Alikaa hivyo mpaka jua likaondoka kwenye mabeseni, kisha akakikausha, akakipiga muhuri wa kumi na mbili.

Ijumaa fundi alikirudisha mwenyewe, akaangalia mara mbili, akamwita Shangazi aangalie ya tatu. Saa moja na nusu mikono kumi na miwili ilizunguka pamoja, lango likafunga, kengele ikalia, na Domo akalaani. Watu wa tanuru waligeuza gari lao. Bawabu alirudisha beseni jikoni.

Shangazi bado ni muosha visahau, lakini habebi nta tena. Wenzake walimwonya, wakamkumbusha yule wa kikohozi, mwisho wakamwacha. Anaosha masikio wazi, polepole, na wateja wananung'unika. Siku nyingine anarudi nyumbani na mwendo wa mtu mwingine, anapumzika kwenye kipandio cha nne cha ngazi ambazo hazina shida yoyote. Mtaani bado wanamwita Mama Nta. Kelele zimepungua, mpaka mwenye duka akamuuliza kama anaumwa.

Nilivumilia wiki tatu, kisha nikamuuliza kitu ambacho Baba angenichapa kama angejua. Tulikuwa tunatembea kwenda shule.

"Shangazi, unafikiri alitaka kukuambia nini?"

Nilidhani atakasirika. Alitikisa kichwa, karibu atabasamu.

"Angeongea tu. Yule alikuwa hahitaji sababu."

Tukafika. Akanirekebisha kola, akageuka. Niliingia, lango likanihesabu, na sijui nini kilinishika. Nikatoka tena mbio, lango likanihesabu nje, nikakimbia kwenye kokoto kumfuata.

Sikupata nafasi ya kuita. Alikuwa ameshageuka, mzima mzima, mikono imefunguka. Lakini macho yake hayakutua usoni kwangu. Yalitua chini, kwenye kimo cha mtoto wa miaka minane, yakakaa hapo kidogo, yakingoja. Ndipo yakapanda polepole kunitafuta mimi.

"Rudi ndani," akasema. "Linafunga."